Wakfu wa Mtambo wa Maji

Enyi majirani wa Kisauni, nanyi wa Likoni na Changamwe mliofikiwa na habari hii nusu nusu, ikaongezwa chumvi njiani na pilipili sokoni, ipokeeni sasa nzima. Haisimuliwi ili mtu achekwe. Wenyewe walishachekwa vya kutosha, na waliocheka zaidi ni wale wale waliokuwa wakinywa maji yao. Inasimuliwa kwa sababu lililowapata linaweza kumpata yeyote kati yetu mwenye mkopo, na siku hizi ni nani asiye nao?

Duka la maji la Zaid lilikuwa Mishomoroni, kwenye njia ya mchanga nyuma ya maduka ya barabarani. Watu waliliita la Zaid kwa sababu jina lake ndilo lililoandikwa ukutani kwa rangi ya buluu. Lakini aliyelifungua kila siku, jua halijapata nguvu, alikuwa mkewe, Kuluthum. Alikuwa mwanamke wa miaka arubaini na kitu, mpole wa maneno, mwenye mikono iliyozoea kazi. Hufungua komeo, hubonyeza kitufe, na mtambo huanza kunguruma taratibu. Maji ya kisima chao yaliingia upande mmoja yakiwa ya chumvi, yakatoka upande wa pili matamu. Na nyinyi mnayajua maji ya visima vyetu: sabuni haitoi povu, na chai ukiipika hata tangawizi haiwezi kuiokoa.

Kuluthum alikuwa na desturi yake. Glasi ya kwanza aliinywa yeye, kabla ya mteja yeyote kujaziwa mtungi. Akiionja na kuridhika, husema "bismillahi" na kuwaita wenye mikokoteni. Asubuhi ya Jumatatu moja, mwezi wa pili wa kiangazi, alikuwa ameishika glasi hiyo mkononi alipomwona Nduku akija na mwanamume aliyebeba bahasha ya kaki.

Nduku alikuwa afisa wa kampuni ya mikopo yenye ofisi Changamwe, binti wa kutoka Machakos aliyekulia kwenye nyumba za wafanyakazi wa bandari. Yeye ndiye aliyewaandikia mkopo wa kununulia mtambo miaka miwili nyuma. Enzi zile alikuwa akija kunywa maji na kupiga soga. Siku hiyo hakukaa.

"Habari ya asubuhi, Mama Hadeel."

"Salama, mwanangu. Karibu. Mbona hukai?"

"Leo nimekuja na kazi ya korti. Baba Hadeel yuko?"

Zaid alitoka nyuma akifunga vifungo vya kanzu yake ya kijivu. Mwanamume mwenye bahasha alimpa karatasi, akamwonyesha mahali pa kutia sahihi kwamba amezipokea. Zaid alitia sahihi kwa haraka, kama mtu anayefukuza nzi. Alisoma ukurasa wa kwanza amesimama, uso ukamgeuka, akazikunja zote na kuzitia mfukoni.

"Yaani mmenipeleka mahakamani," alisema. "Na mkataba wasema twende kwa msuluhishi."

"Kwa msuluhishi tutaenda, Baba Hadeel. Tarehe si iko? Hii ni ya kulinda tu mtambo mpaka tufike huko. Tafadhali someni ukurasa wa pili."

"Nimeshasoma ya kunitosha."

Nduku alimtazama Kuluthum. "Mama, ukurasa wa pili," alirudia, kisha akaenda zake.

Tusimame hapa kidogo, maana msomaji atauliza mzozo ulitoka wapi. Zaid hakuwa mwizi wala mvivu. Kwa mwaka mzima na nusu alilipa bila kukosa. Kisha pampu ya kisima ikaungua, na fundi akachelewa na vipuri, wakakaa wiki sita bila kuuza hata mtungi mmoja. Malipo ya miezi miwili yakapita. Kampuni ikatoza faini ya kuchelewa, halafu ikatoza faini juu ya ile faini, na hesabu ikafura. Zaid alikuwa na haki ya kulalamika. Ila hakulalamika kwa barua, wala hakwenda Changamwe. Alilalamika barazani, mbele ya watu wasioweza kumsaidia, na kwa hasira akaacha kulipa kabisa hata pampu ilipopona.

Mkataba wao ulisema kwamba wakigombana, shauri litaamuliwa na msuluhishi watakayemkubali wote wawili. Wakamkubali Bi Ibtihal, wakili mstaafu wa Mjini, mwanamke mwenye sifa ya kusikiliza kuliko kusema. Kikao kikapangwa baada ya wiki saba. Lakini kampuni iliwahi kudanganywa na mdaiwa mwingine, aliyeuza tanuri la mkate kabla ya kikao chake. Iliogopa kuumwa na nyoka yule yule. Ndiyo maana ikakimbilia Mahakama Kuu kuomba amri ya muda: mtambo ung'olewe, uwekwe katika stoo yao mpaka msuluhishi aamue.

Ukurasa wa kwanza ulieleza maombi hayo ya kampuni. Hapo ndipo Zaid alipoishia kusoma.

Usiku ule Kuluthum alimuuliza mumewe kwa upole, "Baba Hadeel, ule ukurasa wa pili wasemaje?"

"Wasema yale yale. Wautaka mtambo."

"Nipe basi niusome."

"Mama Hadeel!"

"Abee."

"Haya ni mambo yangu na wao. Wewe una duka la kuliangalia."

Kuluthum aliingia chumbani. Alijua karatasi ziko wapi: kwenye mfuko wa kanzu ya kijivu, iliyoning'inia nyuma ya mlango. Kanzu ile aliifua yeye, aliipiga pasi yeye. Angeweza kutia mkono wakati wowote. Alilelewa kwamba mke humsitiri mumewe, na kumsitiri, kama alivyofunzwa, ni pamoja na kutoona asichoonyeshwa. Basi hakutia mkono.

Sasa aingie Sufyan. Kila mtaa una Sufyan wake. Huyu wa Mishomoroni alipenda kusema kwamba amefanya kazi kwa wakili miaka sita. Hakusema kwamba kazi yenyewe ilikuwa kupeleka barua na kununua chai ya maziwa. Sheria aliipata kwa kusikiliza mlangoni, ndiyo maana alikuwa na vipande vyake bila viungio.

"Yakhe Zaid, wewe wababaishwa bure," alisema mchana mmoja pale dukani, mtungi wake ukijazwa, naye Kuluthum akisikia kila neno. "Mkataba wasema mzozo ni wa msuluhishi. Sasa jaji aingilia mlango gani? Hana nguvu hapo. Hiyo ni karatasi ya kukutisha."

"Wallahi nilijua," Zaid alisema.

"Lakini wakija na madalali wao, watang'oa. Dawa yake naijua. Utoe wakfu. Mali ikishakuwa wakfu ni ya Mwenyezi Mungu. Ni nani atakayekwenda msikitini kumdai Mungu?"

Zaid alicheka. Kisha aliacha kucheka, na Kuluthum akaona macho yake yametulia mahali mbali. Ni haki tuseme hili pia: nia ya Zaid haikuwa mbovu yote. Marehemu mamake alikuwa akichota maji ya kuuza tangu Zaid ni mtoto, na alikufa akitamani kuacha kisima kwa jina lake. Hakuna sadaka inayopendwa mwambao huu kuliko ya maji. Sufyan alimpa njia ya kuwa mwana mwema na kumkomoa mdai kwa mkupuo mmoja, na mtu akiletewa vitu viwili anavyovitamani katika sahani moja, ni wachache wanaouliza nani aliyepika.

"Baba Hadeel," Kuluthum alisema Sufyan alipoondoka, "Nduku alisema karatasi ile ni ya kulinda mtambo mpaka mfike kwa msuluhishi. Amri ya mahakama hiyo."

"Nduku ni mtumishi wa wanaonidai. Atasema nini?"

"Na deni?"

"Deni nitawalipa Bi Ibtihal akishawanyoosha. Kwani nimekana deni? Nauweka mtambo mahali pa salama tu."

Kuna maneno yanayofanana na ukweli mpaka mwenyewe anayeyasema huyaamini. Zaid aliyaamini.

Ijumaa iliyofuata Kuluthum alikwenda msikitini, akaketi upande wa wanawake nyuma ya pazia. Swala ilipokwisha, sauti ya Maalim Menza ilisikika katika kipaza sauti. Maalim alikuwa mzee wa Kidigo, mtaratibu, asiyependa mambo ya kukurupuka. Alitangaza kwamba ndugu yetu Zaid ana jambo la kheri, akamwita mbele.

Zaid alisema analitoa duka lake la maji, yaani mtambo na matangi yake, kuwa wakfu wa msikiti, watu wanywe bure, na thawabu zake zimfikie mamake. Watu wakaanza kunong'ona kwa furaha. Maalim akawanyamazisha.

"Zaid, nitakuuliza mbele ya hawa," alisema. "Mtambo huu ni milki yako?"

"Ni wangu, Maalim."

"Hauna rehani? Hauna haki ya mtu juu yake?"

Kipaza sauti kilikwaruza. Nyuma ya pazia, Kuluthum aliinua kichwa. Kati yake na Maalim palikuwa na kitambaa cha kijani na hatua kumi na tano. Angeweza kuinua sauti. Angeweza kumwita mtunza viatu mlangoni ampelekee Maalim neno moja. Wala lisingekuwa neno kubwa: subiri.

"Hauna," Zaid alisema.

Msikiti ukapaza takbira. Wanawake wakamwinamia Kuluthum, mmoja akambusu mkono. "Hongera Mama Hadeel! Mumeo kawajengea nyumba peponi." Kuluthum akatabasamu, akasema amin. Moyoni alijiambia ni stara. Alitabasamu mpaka mashavu yakamuuma.

Alasiri hiyo hiyo vijana wa mtaa walifika na gari la kubebea mizigo. Walifungua nati za bolti nne kubwa zilizoushika mtambo kwenye sakafu, wakaupakia kwa shangwe, wakaupeleka uani kwa msikiti. Kuluthum alibaki akitazama mirija iliyokatwa ikidondosha maji yake ya mwisho sakafuni.

Sasa sikilizeni jambo la kiufundi, maana hadithi nzima imelalia hapo. Fundi aliyeufunga mtambo ule, kijana mmoja wa Bombolulu aitwaye Absalom, alimfundisha Kuluthum kuutunza. Zaid siku hiyo alikuwa kwenye simu. "Mama, huu ni kama samaki," Absalom alimwambia. "Ndani yake kuna utando mwembamba unaochuja chumvi. Haufai kukauka. Mkiuzima zaidi ya siku mbili tatu, uoshe, uujaze ile dawa, uufunge. Ukikauka na chumvi ndani, umekufa. Hapo usiniite." Kwa miaka miwili Kuluthum hakukosa hata siku moja.

Uani kwa msikiti hapakuwa na sakafu ya kuushika mtambo, wala waya wa umeme wa kutosha, wala kisima chenye kina. Kamati ya msikiti ilikuwa na nia njema na vikao vingi. Mtambo ulifunikwa turubai jeusi, ukakaa juani.

Siku ya pili Kuluthum alimwambia mumewe, "Utando utakauka. Niende nikautie dawa."

"Kamati watashughulika."

"Kamati hawaujui."

"Mama Hadeel, wataka watu waseme nimetoa kwa mkono huu nikavuta kwa mkono huu? Usinitie aibu."

Siku ya nne alikwenda kwa siri, chupa ya dawa ndani ya kikapu cha mboga. Alimkuta mtunza msikiti akifagia uani. Alimweleza shida yake. Yule mzee alimsikiliza kwa adabu, kisha akatikisa kichwa.

"Mama, kitu cha wakfu hakiguswi tena na aliyekitoa wala watu wake. Kheri yenu imeshaandikwa. Nenda ukapumzike."

Kuluthum akarudi na chupa yake. Njiani alikutana na wateja wake wa zamani wakitoka Mjambere na mitungi mitupu, kwa kuwa huko nako maji yalikuwa yamekwisha. Walimsifu sana.

Wiki tatu zikapita. Bi Ibtihal, kama ilivyo kawaida yake, alitaka kuona mali inayogombaniwa kabla ya kikao. Alifika Mishomoroni asubuhi, mwanamke mwembamba mwenye buibui la kawaida na miwani iliyofungwa uzi. Pamoja naye walikuwa Nduku, wakili wa kampuni na fundi Absalom. Zaid aliwapokea akiwa amevaa vizuri, akijiamini.

Mlango wa duka ulipofunguliwa, palikuwa na bolti nne tu zikichomoza kwenye sakafu kavu.

"Mtambo uko wapi, Bwana Zaid?" Bi Ibtihal aliuliza.

"Nimeutoa wakfu, bibi. Uko msikitini."

Nduku aliketi juu ya mtungi mtupu bila kukaribishwa. Bi Ibtihal hakupandisha sauti. Aliandika kitu katika daftari lake, akasema, "Twendeni tukauone."

Maalim Menza aliwapokea uani, Kuluthum akiwa amewafuata nyuma. Turubai likaondolewa. Absalom alifungua kifuniko cha mrija wa kwanza, na harufu ikawafanya wote warudi nyuma. Ndani, utando ulikuwa umekakamaa, una maganda meupe ya chumvi. Akafungua wa pili, akafungua wa tatu. Kisha akafuta mikono kwenye suruali na kumtazama Kuluthum, si Zaid.

"Umekufa, mama," alisema. "Na pampu yake imeshika kutu. Huu sasa ni wa kuuza kwa kilo."

Maalim alikuwa ameshaelezwa na Nduku kuhusu mkopo na amri. Alimgeukia Zaid, na uso wake ulikuwa na huzuni zaidi ya hasira.

"Nilikuuliza mbele ya watu kama una haki ya mtu. Wakfu wa mali iliyofungwa kwa deni, na mwenye kudai hakuridhia, hausihi, ni batili. Umeufanya msikiti kuwa maficho, Zaid. Nami nimekuitikia takbira."

Sufyan, aliyekuwa amesimama langoni kutazama, alikumbuka ghafla kwamba ana shughuli Nyali.

Mahakamani hakukuwa na mengi. Kampuni ilipeleka malalamiko kwamba amri imevunjwa. Jaji alimuuliza Zaid kama sahihi kwenye hati ya kupokelea ni yake. Akasema ni yake.

"Uliisoma amri?"

"Niliisoma, mheshimiwa."

"Yote?"

Zaid aliangalia chini. "Ukurasa wa kwanza."

"Kwa nini uliivunja?"

"Niliambiwa kwamba jambo likiwa la msuluhishi, mahakama haina nguvu."

"Nani aliyekwambia?"

Zaid hakujibu. Hilo angalau alilifanya vizuri, hakumtaja mtu. Jaji alimweleza, polepole kama anayemfundisha mtoto, kwamba kuamua nani mwenye haki ni kazi ya msuluhishi kweli. Lakini kazi ya mahakama, mpaka msuluhishi afike, ni kuhakikisha kwamba kile wanachogombania bado kipo. Akamhukumu siku thelathini gerezani kwa kuidharau amri. Kuluthum alimtazama mumewe akishuka ngazi na askari, kanzu ya kijivu ikiwa imekunjamana mgongoni, na alilia bila sauti.

Zaid akiwa bado ndani, uamuzi wa Bi Ibtihal ulitoka. Nduku aliuleta mwenyewe Mishomoroni, ingawa angeweza kuutuma. Safari hii aliketi. Kuluthum hakuwa na maji ya kumpa, akampa kahawa.

"Mama Hadeel, nitakuambia ukweli, hata kama kazini watanikasirikia. Kwa habari ya faini, mlishinda."

"Tulishinda?"

"Bi Ibtihal amesema faini juu ya faini haikuwa halali. Ameifuta yote. Deni limepungua karibu nusu. Amesema pia ile miezi miwili pampu ilipoungua mngepaswa kupewa muda."

Kuluthum aliishika karatasi kwa mikono miwili. Zaid alikuwa na haki. Tangu mwanzo, pale barazani, kwa maneno yake yote ya hasira, alikuwa na haki.

"Na mwisho wake?"

Nduku aliweka kikombe chini. "Ameandika kwamba angeamuru salio lilipwe kidogo kidogo kutoka kwa mauzo ya maji, miaka mitatu. Lakini kwa kuwa mtambo haupo tena na umeharibiwa na mdaiwa mwenyewe, salio linatakiwa lote. Ndani ya siku tisini."

Nje mtu alipita akisukuma mkokoteni.

"Mwanangu," Kuluthum aliuliza, "ule ukurasa wa pili ulisemaje?"

Nduku alimkodolea macho. "Hamkuusoma kabisa? Hata wewe?"

Kuluthum aliinuka, akaenda chumbani. Siku ya mahakama Zaid alikuwa amezitoa karatasi mfukoni na kuziacha juu ya kabati. Alizichukua, akarudi barazani, akazikunjua, akasoma kwa sauti ya chini, kidole kikifuata mistari. Jaji alikataa maombi ya kampuni ya kuung'oa mtambo. Alisema kuung'oa kungeuharibu na kuinyima familia riziki kabla haijasikilizwa. Aliamuru ubaki mahali pake, uendelee kufanya kazi, usiuzwe, usihamishwe wala kupewa mtu yeyote, na sehemu ya mauzo iwekwe katika akaunti ya mawakili wa pande zote mbili mpaka uamuzi utoke. Kisha ukaja mstari wa mwisho.

*Mtambo utakuwa chini ya uangalizi wa Bi Kuluthum, mke wa mdaiwa, ambaye kwa kiapo cha afisa wa kampuni ndiye anayeuendesha na kuutunza kwa ustadi. Na hautaguswa na yeyote, mdaiwa akiwa mmojawapo, ila kwa idhini yake.*

"Mimi ndiye niliyeapa hivyo," Nduku alisema. "Nilijua ukiwa mikononi mwako hautapotea."

Kuluthum alirudia kuusoma mstari ule. Alikumbuka kitambaa cha kijani, hatua kumi na tano, na neno moja. Wiki zote zile alidhani kwamba hana ruhusa ya kusema. Ruhusa alikuwa nayo, imeandikwa na kupigwa muhuri, nyuma ya mlango wa chumba chake, ndani ya mfuko aliokuwa akiupiga pasi.

Kiwanja chenye kisima kiliuzwa kulipa salio. Mtambo ulinunuliwa na wenye chuma chakavu kwa bei ambayo haifai kutajwa. Zaid alitoka gerezani amekonda, akapata kazi ya kupakua mizigo ghalani Changamwe. Hasemi sana siku hizi. Maalim Menza alimtembelea mara mbili, nao waliswali pamoja.

Mwaka ule ule aliyenunua kiwanja akafungua duka la maji pale pale. Kuluthum huenda asubuhi na mtungi wake, akapanga foleni kama wengine. Kijana aliyeajiriwa kuuza pale, kwa kuwa alimjua, siku ya kwanza alimpa glasi aonje. Kuluthum alionja.

"Yana chumvi kidogo," alisema. "Angalia utando wako, mwanangu. Usiuache ukauke."

FUNZO LA HADITHI HII

Ndugu zangu, amri ya muda ya mahakama si hukumu. Haisemi kwamba umeshindwa. Inasema tu kwamba kitu kinachogombaniwa kisiguswe mpaka mwenye haki ajulikane, na mara nyingi, kama ilivyokuwa kwa Zaid, inamlinda mdaiwa kuliko anavyodhani. Karatasi ya mahakama isomwe mpaka nukta ya mwisho. Asiyejua kusoma asomewe na anayejua, si na Sufyan. Dawa ya deni ni kulipa, na kama deni lina dhuluma ndani yake, dawa ya dhuluma ni kuipeleka kwa anayeamua, kwa barua na kwa subira. Sadaka nayo haitolewi kwa haki ya mtu mwingine. Mwenyezi Mungu si maficho ya mali.

La mwisho ni lenu, mama zangu na dada zangu, na ndilo lililofanya hadithi hii isimuliwe. Kumsitiri mwenzako ni kumfunika anapokuwa uchi. Ukimwona anakwenda kutumbukia kisimani ukanyamaza, hiyo si stara. Kuluthum mwenyewe ndiye aliyeomba iandikwe hivyo.